Feni Inapozimika: Uchambuzi wa Filamu Fupi Kuhusu Karani wa Zamu ya Usiku Mombasa

Kisa hiki ni cha filamu fupi ya majaribio iliyotengenezwa na binti mmoja wa Kibokoni pamoja na wenzake wachache, kwa simu ya mkononi, kinasa sauti cha kuazima na pesa za mfukoni. Inamhusu karani wa makontena anayefanya zamu ya usiku kwenye yadi upande wa Changamwe, na mchana hulala katika chumba kimoja cha ghorofa ya tano huko Mikindani. Mamake anaishi Likoni, ng'ambo ya kivuko. Nililetewa filamu baada ya kuonyeshwa mara ya kwanza na kupwaya, nikaombwa nisaidie uhariri wa sauti. Nayaandika haya kwa ridhaa ya mwongozaji mwenyewe, maana tatizo lililomkuta huwakuta wengi wanaotaka kuupiga picha upweke wa mji wa pwani, na njia aliyoipata inastahili kuangaliwa kwa makini.

Mkato wa kwanza, yaani filamu ilivyohaririwa mara ya kwanza, ulikuwa wa dakika 14. Unaanza na ngazi tupu za zege, kamera ikipanda taratibu. Inafuata korido ndefu yenye milango iliyofungwa. Kijana anaonekana kisogo, amesimama dirishani. Halafu bahari, dakika nzima, pasipo mtu wala chombo. Rangi zimefifishwa hadi kila kitu kinakaribia majivu, na chini yake kuna mvumo wa muziki wa kompyuta usiobadilika tangu mwanzo hadi mwisho. Hakuna linalosemwa. Picha zenyewe zilipangwa kwa ustadi, nami sina shaka kwamba binti huyu ana jicho.

Ilionyeshwa kwenye shuka jeupe uani kwa jamaa yake, Mji wa Kale, baada ya sala ya Isha. Watazamaji walikuwa jamaa, majirani na vijana wa mtaa. Walikaa kwa adabu mpaka mwisho, kisha maswali yakaanza. Mmoja aliuliza ni Mombasa gani hiyo isiyo na watu. Mwingine alidhani kijana ni mgonjwa aliyekata tamaa ya kupona. Nyanyake mwongozaji, aliyekuwa amekaa mbele kabisa, akauliza: "Kwani huyu hana wenyewe?"

Mwongozaji aliyachukua maswali hayo kuwa dalili kwamba watu wake hawaiwezi sanaa ya namna hii. "Ami, wao wanataka hadithi tu," aliniambia. Mimi niliona kinyume chake. Swali la nyanya lilikuwa la mtazamaji aliyeikazia macho kila picha akitafuta sababu. Katika mji ambamo mtu hutambulishwa kwa mtaa, kwa ukoo na kwa msikiti anaosali, kijana anayekaa peke yake chumbani bila hodi mlangoni ni jambo linalohitaji kuelezwa. Filamu ilikuwa imemwonyesha yu peke yake ikadhani imeshamaliza kazi.

Nilimwuliza korido ile ilikuwaje tupu, maana nayajua maghorofa ya Mikindani. Akajibu kwamba aliwaomba majirani wafunge milango na wawaite watoto ndani mpaka amalize kupiga picha. Hapo nikajua tatizo liko wapi. Katika jengo lile mlango wa mchana huachwa wazi ili upepo upite, na pazia ndilo linalositiri. Watoto hucheza koridoni, ndoo hupangwa nje, mtu hupita huku akitoa salamu kwa kila pazia. Yote hayo yalikuwa mbele ya kamera, naye akayaondoa ili picha ifanane na picha za upweke alizozizoea.

Picha hizo zina kwao. Sinema ya majaribio na jiji kubwa vimekua pamoja tangu zamani: mwaka 1921 mpiga picha Paul Strand na mchoraji Charles Sheeler walitoa filamu fupi ya New York, Manhatta, ambamo umati unatazamwa kutoka juu ya majengo marefu, watu wakiwa vidoa vinavyosogea kando ya kuta. Kabla yake, mwaka 1903, mwanasosholojia Georg Simmel, aliyezaliwa na kukulia Berlin, aliandika kwamba mkazi wa jiji hupigwa na mambo mengi mno kwa wakati mmoja hata akili yake ikajikinga kwa ubaridi na kujitenga. Tangu hapo watengenezaji filamu wamekuwa wakiutafuta ubaridi huo kwenye nafasi: korido, lifti, kuta za vioo, barabara za alfajiri zenye ukungu. Kule picha hizo zina ukweli ndani yake. Milango hufungwa kweli kwa sababu ya baridi, na nuru ya miezi mingi ni ya kijivu kweli.

Mombasa iko nyuzi 4 tu kusini mwa ikweta. Saa sita mchana, mwezi wa Machi au wa Oktoba, kivuli cha mtu humwangukia miguuni. Jioni giza huingia upesi, hakuna machweo marefu ya kumruhusu mpiga picha atembee na simanzi yake. Ukizififisha rangi za mji huu, mtazamaji wa hapa haoni huzuni, anaona simu yenye kamera mbovu. Na usitegemee kumpata mtu aliyetengwa na umati kwa kuufuta umati. Nenda Likoni jioni, kivuko kinapofungua lango lake, uone watu wanavyoshuka na kupanda bega kwa bega. Ikiwa kuna mpweke pale, yumo ndani ya msongamano huohuo na amesalimiwa mara kadhaa tangu atoke kazini.

Kwa hiyo ilibidi tumjibu nyanya. Kijana ana wenyewe. Mama yuko ng'ambo ya mfereji wenye upana wa takriban mita 500, kivuko kinavuka usiku na mchana, na mtu wa miguu halipi. Jirani wa kushoto anamjua kwa jina. Amepungukiwa na nini basi?

Amepungukiwa na saa. Bandari ya Kilindini hufanya kazi saa 24, na yadi zinazoitegemea hufuata mwendo huo. Kijana hutoka nyumbani saa kumi na moja jioni, wakati wenzake wa umri wake wanaelekea maskani kunywa kahawa. Hurudi watu wanapotoka. Adhana ya adhuhuri humkuta katikati ya usingizi, kama sisi tunavyokutwa na saa sita ya usiku. Siku yake ya mapumziko mwili haukubali kubadilika, hivyo hukesha peke yake mji ukiwa umelala. Mamake humtumia ujumbe wa sauti baada ya Isha. Yeye huusikiliza asubuhi kitandani na kumjibu, na jibu lake mama hulipata akiwa sokoni, hasikii vizuri. Wanazungumza kila siku na hawajawahi kukutana ndani ya mazungumzo. Upweke huu umo kwenye saa, haumo kwenye nafasi, na mtu anaweza kukaa nao katika jengo lililojaa milango iliyo wazi.

Nadhani hili ndilo jambo ambalo filamu za pwani yetu hazijaligusa vya kutosha. Tunawaona wafanyakazi wa zamu kila asubuhi kwenye matatu, vichwa vimeegemea vioo: walinzi wa hoteli, madereva wa malori, wauguzi, makarani wa bandari. Wamegawanywa na jamii yao kwa ratiba iliyobandikwa ukutani, na kwa kuwa hawakuhama wala hawakugombana na mtu, hakuna anayeona kuwa wametengwa.

Kupiga picha nafasi ni rahisi. Saa utaipigaje picha? Hapa Mombasa saa hujulikana kwa masikio kwanza. Adhana, watoto wa madrasa wakirudia aya kwa pamoja, mafuta ya mahamri yakichemka, muuza kahawa akigonganisha vikombe, makondakta wakiita abiria. Aliyekulia hapa anaweza kufumba macho akakwambia wakati bila kukosea sana. Nilipendekeza tuiweke kando picha yote na kuijenga filamu upya kuanzia sauti.

Njia hiyo si ngeni. Mwaka 1928, sauti ilipokuwa inaanza kuingia kwenye sinema, waongozaji wa Kisovieti Eisenstein, Pudovkin na Aleksandrov walitoa tamko la kuonya kwamba sauti ikitumiwa kuthibitisha tu kile kinachoonekana itaiua sanaa ya uhariri. Walitaka sauti na picha zipingane. Mfano wa karibu zaidi na hali yetu ni wa Arthur Lipsett, aliyekuwa kijana mhariri katika shirika la filamu la taifa la Kanada. Aliokota vipande vya sauti vilivyotupwa na wenzake, akaviunganisha kwanza, ndipo akavitafutia picha. Ikatoka Very Nice, Very Nice ya mwaka 1961, dakika 7 tu, nayo ikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Na hapa Afrika, mwongozaji wa Senegal Ousmane Sembène alikuwa na filamu ya dakika 20 hivi ya mwaka 1963, Borom Sarret, kuhusu mwendesha mkokoteni wa Dakar ambaye mawazo yake tunayasikia huku akiwabeba abiria. Anapoingia Plateau, mtaa wa matajiri ambako mikokoteni hairuhusiwi, mkokoteni wake unachukuliwa. Mwongozaji wetu aliitazama hiyo na mara moja akaona kitu ambacho mimi sikuwa nimekitaja: yule mwendesha mkokoteni hayuko peke yake hata dakika moja, na bado anaumia peke yake.

Basi kijana mmoja wa timu, anayeishi jengo lilelile, akawa anaacha kinasa sauti kimewashwa chumbani mchana. Hapa tulikwama kwenye jambo zito. Ukutani zilipenya sauti za majirani: mke na mume wakibishana, mama akimkaripia mtoto, mtu akilia kwenye simu. Zilikuwa sauti nzuri sana kwa filamu. Hatukuzitumia hata moja. Mtu aliye nyumbani mwake hajakubali kusikika kwenye shuka la uani Mji wa Kale, na filamu inayowahurumia watu wa jengo haiwezi kuanza kwa kuwaibia. Mwongozaji aliwaeleza majirani anachotaka, na watatu wakakubali kuyaigiza maisha yao ya kawaida nyuma ya ukuta: kuosha vyombo, kumwita mtoto, kucheka. Ugomvi hatukuuweka. Tulipousikiliza mkusanyo mzima tuligundua kwamba kicheko cha nyuma ya ukuta kinauma zaidi.

Adhana nayo ilitaka uangalifu wake. Katika mkato wa majaribio mmoja wa vijana aliikata katikati ya sentensi ili ilingane na mabadiliko ya picha. Kwa mhariri ni jambo la kawaida. Kwa watu waliokaa uani ni kukosa heshima, na wangetoka kwenye filamu papo hapo. Tulikwenda kwa maalim wa mtaa kumwuliza. Alisema maneno yasikatwe nusu, muziki usichanganywe nayo, na isiwekwe juu ya picha isiyofaa. Masharti hayo yakawa ndiyo sheria ya uhariri: urefu wa picha ukafuata urefu wa sentensi ya muadhini, ikabidi kila picha ikae mpaka sauti imalize. Filamu ikapata mwendo ambao hakuna hata mmoja wetu angeubuni.

Mkato wa pili una dakika 11. Unaanza gizani kabisa, kwa sauti ya kijana akisoma namba za makontena kwenye redio ya mkononi. Kila kontena lina herufi 4 na tarakimu 7, na tarakimu ya mwisho hukokotolewa kutokana na zilizotangulia ili kosa la kusoma ligundulike. Anasoma, sauti ya upande wa pili inasema "Rudia," anarudia. Maneno yake mengi katika filamu nzima ni hayo. Namba za makontena zinahakikiwa usiku kucha. Yeye haulizwi hali. Mwongozaji aliigundua sehemu hii kwa kukaa na karani wa kweli akanywa naye chai, na ninaiona kuwa ndiyo kazi yake bora kuliko zote.

Kisha alfajiri, kituo cha matatu, abiria wachache. Muadhini anafikia yale maneno yanayoongezwa katika adhana ya alfajiri pekee, kwamba sala ni bora kuliko usingizi. Kijana yuko fremuni, macho mekundu, hajalala. Hakuna kinachoongezwa. Mtazamaji Mwislamu hahitaji maelezo, na asiye Mwislamu huona tu mtu aliyechoka akisikiliza. Halafu ngazi zilezile za mkato wa kwanza, safari hii zimejaa. Watu wanashuka kwenda kazini, yeye anapanda. Kila mmoja anamsalimu. "Waamkaje?" anaulizwa, mtu ambaye hajalala. "Salama." Ghorofa ya pili, ya tatu, ya nne, salama, salama, sauti yake ikizidi kupungua nguvu huku salamu za wengine zikibaki changamfu. Mwongozaji alipiga tukio hili kwa picha moja isiyokatwa, na alifanya vyema.

Kiini cha filamu ni chumbani. Dirisha limezibwa kwa pazia zito, feni inazunguka, mvumo wake umejaa masikioni hadi hatusikii kitu kingine. Huu ndio mvumo uliochukua nafasi ya ule muziki wa kompyuta, na una sababu ya kuwepo: kijana anautumia kujikinga na mchana. Karibu dakika ya sita stima inapotea. Feni inapunguza mwendo, mapanga yanaanza kuonekana moja moja, na mvumo unapofifia mji unaingia chumbani. Kwanza watoto wa madrasa kwa mbali. Kisha vyombo vya jirani. Kisha mtu anacheka. Kisha adhana ya adhuhuri, yote, neno kwa neno, huku kijana akiwa amefumbua macho akitazama dari. Picha haibadiliki kwa muda wote huo. Hajafungiwa, hajafukuzwa, maisha ya watu yako mkono mmoja nyuma ya ukuta, na kwake ni usiku.

Nisizitumie nafasi nyingi kwa mambo ya ufundi, lakini mawili yatawafaa wengine. Umeme wetu ni wa hezi 50, yaani mizunguko 50 kwa sekunde, na simu nyingi hupiga fremu 30 kwa sekunde, mwendo usiolingana nao. Ndiyo maana taa za korido zilipepesa katika mkato wa kwanza. Tulipopiga upya kwa fremu 25 na kasi ya shata (muda ambao kamera hupokea nuru kwa kila fremu) ya sekunde 1/50, kupepesa kukaisha. Na anayenasa sauti nje wakati wa kusi aivike maiki kifuniko cha manyoya, la sivyo atarudi na upepo mtupu. Kuhusu kibali, Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, ipo. Wanafunzi wa filamu waisome kabla ya kuwasha kamera barabarani.

Ilipoonyeshwa tena uani, mazungumzo yalichukua mkondo mwingine. Hakuna aliyeuliza kijana anaumwa nini. Walibishana kuhusu ratiba yake. Mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi bandarini alisema zamu zinafaa kupokezana, wiki ya usiku na wiki ya mchana. Mwingine akampinga kwamba kupokezana ndiko kunakouvunja mwili. Nyanya alitaka kujua kwa nini mama asihamie Mikindani, na binti mmoja akamjibu kwamba mama naye ana watu wake Likoni, ana chama chake na majirani zake, akihama ndiye atakayekuwa peke yake. Vijana wawili walilalamika kwamba katikati pamepooza. Nakubaliana nao kwa kiasi: baada ya adhana kumalizika picha ya dari inaendelea kwa muda ambao hauongezi kitu, na nimeshauri ipunguzwe.

Lililobaki kati yangu na mwongozaji ni ile picha ya bahari. Ameirudisha karibu na mwisho, ikiwa imekatwa hadi sekunde 20, rangi zake halisi zimerudi, na juu yake ujumbe wa sauti wa mama ukiuliza kama amekula. Imepigwa upande wa kisiwani, kwenye mteremko wa kivuko, Likoni ikionekana wazi ng'ambo. Mimi naona haihitajiki, kwa sababu umbali ambao filamu imeujenga kwa dakika 10 ni wa saa, na kuonyesha maji kunampa mtazamaji ruhusa ya kudhani kwamba tatizo ni mfereji. Yeye anasema watu wa Mombasa hawawezi kusikia sauti ya mama wa Likoni wasitake kuiona Likoni. Nimemwomba atengeneze nakala mbili, yenye bahari na isiyo nayo, na aiwahi ile ya pili kuionyesha kwa makarani wa yadi wenyewe, saa nane mchana wanapoamka, asikilize kama kuna atakayeuliza mama anakaa wapi.